Melania si Asali

Ninyi vijana mtakaoyasoma haya, someni polepole, maana na mimi nimeyaandika polepole. Darasa langu ni la tatu, na hilo la tatu lenyewe sikulimaliza, kwa hiyo mkikuta neno limekaa upande, linyoosheni wenyewe muendelee. Sitaki kuhurumiwa. Nataka kuwaeleza habari ya jina langu, kwa sababu limesemwa sana na watu wasiolibeba. Habari hiyo haianzii kanisani. Inaanzia kwenye harufu ya koti la baba yangu. Baba alikuwa na mizinga ya magogo aliyoitundika kwenye miti ya porini, ng'ambo ya mto Simiyu, na akirudi kutoka kurina, koti lake lilinuka moshi wa kinyesi cha ng'ombe kilichokauka, lilinuka nta, na chini ya moshi na nta kulikuwa na utamu mkali unaokwama kooni kabla hujalamba kitu. Watoto tulikuwa saba na koti lilikuwa moja. Tuligombania kujifunika nalo, na mara nyingi nililipata mimi, kwa sababu baba alizoea kusema, “Leteni asali yangu nikae nayo,” na asali hiyo nilikuwa mimi. Wakubwa zangu walinuna. Nilikuwa ninawaangalia nikiwa ndani ya koti, macho tu ndiyo yanaonekana.

Jina lenyewe lilipatikana hivi. Nilizaliwa mwaka ambao mizinga ilijaa mpaka baba akaazima vibuyu kwa majirani. Mama yangu alikuwa amebatizwa kwao Nassa. Baba hakuwa na dini ya kitabu. Alikuwa na wazee wake na mambo yao, akatosheka nayo. Lakini alimpenda mama, basi akaenda kwa katekista wa kigango chetu akamwambia, nipe jina la Kikristo lenye asali ndani yake. Katekista alikuwa mtu wa kujua. Akasema kwa Kiyunani asali inaitwa meli, na yuko mtakatifu anaitwa Melania, basi ndilo hilo hilo. Baba akarudi nalo nyumbani kama mtu aliyepata ndama jike. Padre alikuwa anafika kwetu mara chache, na mtoto ilibidi kwanza ayajue mafundisho, kwa hiyo nilikaa na jina langu miaka mingi kabla sijabatizwa. Watoto waliokuwa wameona ziwa waliniita Meli. Nikipita walinipigia honi kwa midomo, “Pooo! Imebeba nini leo?” Nikawajibu, “Imebeba bibi yako, njoo umshushe.” Sikuwa mtoto wa kunyamaza.

Msimu ninaouzungumza nilikuwa na miaka kama kumi. Ilikuwa wakati wa palizi, mvua imeshika, Pasaka inakaribia. Udongo wetu ni wa mbuga, mweusi tii, na ukilowa haukuachi: unatembea hatua tano, mguu umevaa kiatu cha tope kikubwa kuliko kichwa chako, unasimama, unakwangua kwa jembe, unaendelea. Tulikuwa tunapalilia pamba asubuhi, mchana tunaenda mafundisho na kucha zimejaa udongo. Siku moja padre akaja kutupima kabla ya ubatizo. Alikuwa mzee, mzungu, mwenye Kiswahili chake cha puani, na alipenda kila mtoto ataje jina atakalobatizwa na maana yake. Wengine walibabaika. Mimi nilisimama kifua mbele. “Melania. Maana yake asali.”

Padre akacheka. Hakucheka kwa ubaya, hilo nalisema, lakini kicheko hakiulizi. Akasema, “Hapana, mwanangu. Asali kweli ni meli. Lakini jina lako limetoka kwenye neno jingine la Kiyunani, melaina. Maana yake mweusi. Mwanamke mweusi.” Kigango kizima kikapasuka, mpaka watoto wa benchi la nyuma wakaanguka nalo. Mnaelewa kwa nini. Mimi nilikuwa mweusi kweli, si mweusi wa kusema. Katika watoto saba wa baba, wageni walipofika walikuwa wakiniangalia mimi, halafu mama, halafu mimi tena. Katekista alikuwa anajifuta jasho. “Padre, maneno yenyewe yanafanana,” akasema. Padre akamjibu, “Yanafanana. Lakini siyo.”

Baba alikuwa nje. Hakuwa mtu wa kuingia mle, alikuwa amekuja kunichukua tu, na ukuta wa kigango ulikuwa wa fito, kila neno lilimfikia. Padre alipotoka, baba akamwamkia, akamuuliza, “Padre, hao Wayunani ni watu wa wapi?” Padre akasema ni wa mbali, ng'ambo ya bahari. “Wanafuga?” Padre akasema ndiyo, mbuzi na kondoo, hata nyuki. “Wana nyuki,” baba akasema, “na bado wamemwangalia mtoto wa mtu wakaona weusi tu?” Padre akaanza kujibu, Kiswahili kikamshinda. Tukaondoka. Njia nzima baba hakuniita asali. Nilingoja aniite. Tulivuka vijito viwili, akanishika mkono kwenye maji na kuuachia kwenye nchi kavu, tukafika nyumbani, hakuniita.

Habari kama hiyo haingoji baiskeli. Siku chache tu, shangazi yangu akatokea kutoka Shishiyu alikoolewa, tope mpaka magotini. Tulimwamkia “Mwadela, shangazi,” akapita kama hakusikia. Akamkuta baba zizini. “Kaka, mtoto mwenyewe mweusi, na jina nalo mweusi? Umemchoma mara mbili? Nani ataleta ng'ombe hapa?” Msishangae kusikia hivyo. Kwetu msichana mweupe alitazamwa kama ng'ombe mwenye kiwele kizuri. Wanaume walivuka kata tatu kwa ajili yake, na ng'ombe wa mahari waliongezwa. Sisi wengine tulisifiwa kwa kulima. Shangazi hakulitunga jambo hilo, alilikuta, akataka kuniokoa nalo. Tena hakuja mikono mitupu. Alikuwa amepitia kwa katekista, na katekista, akitaka kufuta kosa lake, akampa jina jingine la Kiyunani: Leokadia. Maana yake nyeupe, ya kung'aa. “Huyo ndiye,” shangazi akasema. “Andikeni huyo mweupe.”

Mama alikuwa anachambua mlenda. Akasema bila kuinua kichwa, “Wifi, na wewe tukikuita Twiga, kesho utafika kwenye paa?” Shangazi alikuwa mfupi sana. Ndugu zangu wakakimbilia nyuma ya nyumba kucheka. Lakini neno la shangazi juu ya msichana lilikuwa zito kwetu, na baba alikuwa na aibu ya kudanganyika, akamwachia aamue. Shangazi akakaa kwenye kigoda akapanga sheria. Kuanzia siku ile mpaka siku ya ubatizo mimi ni Leokadia. Nitaitwa hivyo kwenye chakula, na nisipoitika sili. “Tumbo litamfundisha,” akasema.

Basi jioni ile ugali ukaiva. “Leokadia!” Nikakaa. “Wewe ng'wanike, wewe msichana, Leokadia!” Nikaangalia kuku. Harufu ya mlenda wa karanga ilinijia pale nilipo, mate yakajaa, nikayameza kama ndiyo chakula. Sikuwa na sababu kubwa kichwani, msinitengenezee hekima ya utoto. Nilijua jambo moja tu: nilikuwa Melania kabla maana haijaja, na maana ilipokuja ilinikuta nimo ndani. Mweusi nilikuwa kweli. Kama jina linasema kweli, kwa nini nitolewe nipewe la uongo? Asubuhi uji ukanipita vilevile. Shambani mama alikuja mpaka kwenye mstari wangu, akatoa kwenye pindo la khanga vipande vya matobolwa, vile viazi vitamu vya kuchemsha na kukausha. Hakutaka kuvunja sheria ya wifi yake, na hakutaka kuniita jina lile. Akasema tu, “Wewe. Shika.” Nikala nimeinama nikijifanya ninang'oa magugu. Nikamuuliza, “Mayu, weusi ni ubaya?” Akachota tope la mbuga kwa jembe akaliweka mbele yangu. “Huu hapa. Pamba inataka huu, mtama unataka huu. Shangazi yako anayekula kwangu tangu jana, muulize anakula cha udongo upi.” Akaendelea kupalilia. Mama hakuwa mtu wa kurudia.

Siku ya tatu ndiyo iliyokuwa ngumu. Baba alirudi kutoka kwenye mizinga. Koti lake lilifika kabla yake, harufu ile, na mimi nina matobolwa matatu tumboni. Watoto wakamzunguka. Akavunja sega, kipande kikubwa, akalishika juu ya kiganja. Alikuwa ananiangalia mimi. Shangazi alikuwa mlangoni, anamwangalia yeye. “Leokadia,” baba akasema, kwa sauti ndogo, “njoo ulambe.” Mguu wangu mmoja ulinyanyuka, ninakiri. Niliurudisha chini. Asali ikaanza kushuka, ikapita kifundo cha mkono wake, ikaingia kwenye mkono wa koti, akaendelea kuishika. “Njoo basi.” Nikasema, “Baba, unayemwita hayupo.” Dada yangu akanifinya akitaka nikimbilie lile sega. Baba hakukasirika. Aliangalia mkono wake kama mtu anayetazama kitu kilichoharibika, akaliweka sega kwenye kibuyu, akaenda kunawa. Nilienda nyuma ya zizi nikalia. Nililia kwa njaa, na nililia kwa sababu asali niliipenda kuliko mnavyofikiri. Lakini sikurudi.

Nikaishi kwa matobolwa ya mama mpaka siku ya ubatizo ikafika, katika juma la Pasaka. Nilivaa gauni jeupe la kuazima, limenibana kwapani. Baba alisimama mlangoni, kichwa ndani, miguu nje. Shangazi, ambaye hakuwa Mkristo, alikuwa ameketi mbele kabisa kama mwenye shughuli. Padre alikuwa na kitabu kikubwa cha ubatizo mezani na kalamu ya wino. Zamu yangu ilipofika akaniuliza jina. Shangazi akajibu kabla sijafungua mdomo, “Leokadia!” Nikasema, “Melania.” Shangazi akasema, “Padre, mtoto ana njaa, hajui analosema.” Watu wakaguna. Nikarudia, na safari hii nilipaza sauti mpaka koo likauma, “Melania. Maana yake mweusi. Niandike.” Padre akaweka kalamu juu ya karatasi lakini hakuandika. Akamtazama baba. “Mwenye mtoto ni wewe. Niandike lipi?”

Kama baba angesema lile jingine, lingeandikwa, na mimi ningekuwa Leokadia mpaka kaburini. Wino ule haukuwa wa kufutwa. Baba aliingia ndani, mara ya kwanza maishani mwake kukanyaga sakafu ile. Alivua kofia. Akasema, “Padre, andika analoitikia.”

Likaandikwa. Shangazi alirudi Shishiyu siku hiyo hiyo, hakungoja hata wali. Baba hakuniita asali tena, hata siku moja, mpaka alipofariki. Mtadhani hilo ni la kusikitisha. Aliniita Melania, jina lote bila kulikata, mbele za watu, mnadani, mbele ya hao waliokuja kuuliza habari za binti zake. Na niliolewa. Ng'ombe walikuja, idadi sitawatajia, haiwahusu. Shangazi alikuja akala nyama yao na mifupa akaondoka nayo.

Sasa ninakaa hapa Bariadi mjini kwa mjukuu wangu, mwenye kazi ya ofisini na simu kubwa. Zamani ilibidi mtu atembee kwa miguu kutoka Shishiyu kuja kuniambia mimi ni mweusi. Leo simu inalala nalo neno hilo kwenye mto wa binti, inamwambia kila akifungua macho, inamwonyesha na dawa yake. Nimewaona mitaani, uso rangi nyingine, masikio rangi nyingine, na vifundo vya vidole vimekataa kabisa, vimebaki vilevile walivyovileta mama zao duniani. Shangazi alitaka kubadilisha maandishi tu. Hawa wanachubua ngozi yenyewe. Na wamesoma! Wanajua Kiingereza, wanaweza kuitafuta maana ya jina lolote la Kiyunani kwa kidole kimoja, lakini mwambie mmoja wao ni mweusi, ataona umemtukana.

Wiki iliyopita nilimsikia mjukuu wangu akimfokea kitukuu changu, mtoto wa miaka minne, aliyekuwa uani anachimba udongo kwa kijiko. “Toka juani, utakuwa mweusi kama nini sijui!” Mtoto akaacha kijiko, akajitazama mikono, akaanza kuisugua kwenye gauni. Kusugua kule ndiko kulikoninyanyua kwenye mkeka. Nikamwita mjukuu wangu, nikamwita mumewe, nikamwita na dada wa kazi, wakasimama sebuleni wote watatu. Mjukuu akaanza, “Bibi, mimi nilikuwa namtania tu.” Nikamwambia funga mdomo, hapa hakuna maoni. Nikawaambia vile vikopo vya dawa ya kuchubua ngozi vilivyo bafuni vitoke leo. Na nikawaambia, kuanzia saa hii, katika nyumba hii hakuna mtoto wa kuondolewa juani. Akiona joto, ataingia mwenyewe.