Kucha za mama zilipigiwa makofi

Jamani, leo nimetoka hospitali na hasira ya tangu enzi za Ujamaa.

Nilimpeleka binti yangu, ana mimba. Hata kabla ya kipimo, nesi alimshika vidole akamwangalia kucha. Laini, zinamenyeka, zimebonyea katikati kama kijiko.

"Mama, huyu damu imepungua."

Nikacheka. "Hizo ni kucha za jembe, mwanangu. Hata marehemu mama alikuwa nazo."

"Bibi alifariki kwa nini?" nesi akaniuliza.

Nikaziangalia tena kucha za binti yangu.

Kijijini kwetu, huko Nzega, mwenyekiti alikuwa anakagua mikono ya watu kabla ya kwenda shamba la kijiji, ili awajue wavivu. Siku moja aliuinua mkono wa mama mbele ya mkutano.

"Tazameni kucha za mchapakazi!"

Tukapiga makofi. (Sisi wanawe ndio tulipiga kwa nguvu zaidi.) Mama, na mimba yake, akabeba jembe akaenda kulima huku anahema.

Alifariki akijifungua. Tukaambiwa damu haikutosha.

Binti yangu kapewa vidonge vya kuongeza damu. Vidonge tu, jamani!

Nyie wa rika langu, mama zenu walipigiwa makofi kwa lipi?