Paa la Nyumba Yenye Kesi

Baba alikuwa ameiweka rehani benki nyumba yetu ya Riruta, na alipofariki, miaka michache baada ya mama, benki iliipiga mnada. Aliyeinunua alikuwa mzee mwenye duka la vifaa vya ujenzi River Road. Mimi, kifungua mimba, nilikuwa nimeacha shule ili niwalee wadogo wangu. Nilikwenda mahakamani kupinga, kwa sababu ilani ya benki ilitumwa kwa jina la baba akiwa tayari kaburini. Jaji akasimamisha uhamisho wa hati mpaka kesi isikizwe.

Wakili alinionya nisiguse chochote katika nyumba ile. Lakini mvua za masika zilipoanza, paa lilivuja juu ya vitanda, nikapanda ngazi na nyundo yangu.

Yule mzee alikuja kuitazama nyumba, akanikuta huko juu. "Msichana, unaezeka nyumba yangu?"

"Naziba juu ya vitanda vya wadogo wangu, mzee. Nyumba ni ya nani, jaji atasema."

Akaishika ngazi. "Basi piga misumari vizuri. Ikiwa yangu, sitaki ivuje. Na ukianguka, wakili wako atasema nimekusukuma."

Kesi ilipita misimu kadhaa ya mvua. Mwishowe mnada ulifutwa, mzee akarudishiwa pesa zake, nasi tukaendelea kulipa deni la baba polepole. Kila alipopita Riruta baadaye, mzee alilitazama paa kwanza, ndipo akanisalimu.