Bi Mwanaidi na Kadi ya Kijani

Msinihurumie kwa haya ninayoyasema. Mimi ni muuguzi hapa Mafia, na asubuhi ile kazi yangu ilikuwa kupanga wagonjwa kwenye mlango wa dharura. Mwenye kadi nyekundu huingia kwa daktari papo hapo, wa njano husubiri kidogo, wa kijani hukaa benchi.

Mvuvi mmoja alikuwa akipiga mayowe kwa ndoana iliyomnasa kidoleni. Nyuma yake alisimama Bi Mwanaidi, mkulima wa mwani, aliyevushwa kwa boti kutoka kisiwa cha Juani.

“Shikamoo, bibi.”

“Marahaba, mwanangu.”

“Hali yako?”

“Salama, alhamdulillahi.”

Mkono alikuwa ameuweka kifuani, nami nikadhani ni adabu. Nimezaliwa kijiji cha Bweni, hapahapa Mafia, najua fika kwamba kwetu mtu akiulizwa hali hujibu salama hata roho ikimtoka. Lakini nilimpa kijani bila kumgusa, na nyekundu nikakipa kidole, kwa sababu ya kelele zake.

Daktari alipomaliza kuitoa ndoana, alipita benchi. Bibi alikuwa ameegemea ukuta, buibui limelowa jasho. Daktari alimshika shingoni kutafuta mapigo, akatafuta muda mrefu, kisha akamfumba macho na kuichukua kadi mapajani mwake.

“Nani kampima huyu?”

Kwenye kadi, palipotakiwa mapigo ya moyo palikuwa patupu, na presha vilevile. Akafika kwenye mstari wa malalamiko ya mgonjwa, akausoma kwa sauti mbele ya benchi zima. Kwa mwandiko wangu nilikuwa nimeandika: salama.