Pei-chun na Vijiti vya Mazoezi

Mionzi ya kutibu saratani ya shingo ya kizazi ilimponya Pei-chun, mshona mapazia wa mji wa Tainan, Taiwan, lakini uke wake ukabana hata kipimo cha daktari kikawa kinamliza. Bi Lo, mtaalamu wa mazoezi ya viungo, akamfundisha kupumua, kulegeza misuli ya nyonga na kutumia vijiti laini vya kutanulia uke, akianza na chembamba kabisa.

Siku moja mama mkwe akavikuta vikikauka jikoni.

“Vya nini hivi, mwanangu?”

Pei-chun akamweleza huku uso ukimwaka.

“Mimi niliumia tangu nimzae mumeo,” mama alisema taratibu. “Nilidhani ndivyo ndoa ilivyo. Endelea, usione haya.”

Baada ya kipimo kilichofuata, Pei-chun alimpigia simu mama mkwe kwanza.

“Mama, haikuuma! Asante.”

“Ee, mbingu zishukuriwe! Njoo, nimepika uji wa samaki.”