Mshahara Niliowaandikia Wakwe

Mkasa huu aibu yake ninayo mpaka leo, na nyumbani kwetu Iringa sijamsimulia mtu. Nyinyi nawasimulia kwa sababu mke wangu ameenda kusaga mahindi, maana akiwepo ananisahihisha kila sentensi (na anakumbuka vizuri kuliko mimi, jambo linaloniudhi).

Miaka hiyo ya hamsini nilikuwa karani mdogo hapa Mbeya, ofisi ya barabara, kazi yangu kuandika majembe yaliyotoka asubuhi na majembe yaliyorudi jioni, mshahara shilingi mia na ishirini kwa mwezi. Lakini mngeniona mtaani mngesema mimi ndiye ninayemlipa Bwana Shauri, yule Mzungu mkuu wa wilaya, kaptula ya kaki imepigwa pasi, kalamu mbili mfukoni (moja haikuwa na wino), na nilikuwa nimemchumbia Atupele, binti wa Kinyakyusa, ambaye nilimpenda kweli, hapo sitanii.

Basi kaka yake, Ambakisye, akataka cherehani kwa mkopo, na mwenye duka, Mhindi mmoja mpole, akasema hatoi bila mdhamini mwenye mshahara. Ambakisye akanifuata pamoja na baba yake. Nikasema hilo dogo, twendeni. Kwenye karatasi ya udhamini kulikuwa na mstari wa kujaza mshahara, na mwenye duka akaniuliza kwa sauti, "Karani, unapata ngapi?" huku mkwe wangu mtarajiwa amesimama ubavuni kwangu, kofia mkononi, ananisikiliza. Nikaandika mia tatu. Hakuna aliyenilazimisha. Mzee akaguna kwa kuridhika, na wiki iliyofuata mshenga wangu akaniletea habari kwamba mahari imetajwa ng'ombe wanane, nami nikavimba kichwa badala ya kujiuliza hao ng'ombe watatoka zizi gani.

Ambakisye alilipa mwezi mmoja, akahamia Chimala kushona, kisha akapanda lori kwenda migodini Rhodesia, yeye na cherehani yake. Mwenye duka akanishtaki mimi.

Sikuogopa sana, kwa sababu karani mwenzangu, Mbena mmoja aliyezijua mahakama, aliniambia, "Wewe lala tu. Hawawezi kumchukulia mdhamini mshahara wote. Watakata theluthi, mbili wanakuachia ule." Nikalala. Asubuhi, napiga mswaki, ndipo hesabu ikanijia: theluthi ya mia tatu ni mia moja. Ningebaki na shilingi ishirini, nilipe chumba, nile, na ng'ombe wanane niwanunue kwa maombi. Sheria ilikuwa inamlinda vizuri sana yule tajiri wa kwenye karatasi, mimi haikunijua.

Ikabidi niseme kweli mahakamani. Tatizo, ukoo mzima wa Atupele ulikuja kunisindikiza (wenzetu hawa hawamwachi mtu asimame kwenye kesi peke yake, hasa akiwa ameponzwa na mtoto wao), wamejaa benchi mbili, Atupele mwenyewe nyuma na mama yake. Nikatafuta ujanja. Hakimu ni Mzungu, mimi Kiingereza cha shule ninacho, basi nitamwambia polepole kwa Kiingereza, tumalizane wasomi wawili, wakwe wasielewe kitu.

Nikamsahau mkalimani. Kazi yake ilikuwa kila kinachosemwa kwa Kiingereza kisikike kwa Kiswahili mpaka mlangoni, na sauti alikuwa nayo. Mimi nikanong'ona, yeye akasimama wima.

"Mdaiwa anasema alidanganya. Mshahara wake si mia tatu. Ni mia na ishirini."

Hakimu akauliza kwa nini nilidanganya, na mimi, badala ya kufunga mdomo, nikaendelea kwa Kiingereza kilekile, nadhani akili ilikuwa imeshatoka nje.

"Anasema alitaka wakwe zake wamwone ni mtu mkubwa."

Hata askari wa mlangoni alicheka. Hakimu alinikaripia, akatazama barua ya ofisi yangu, akaamuru nikatwe shilingi arobaini kila mwezi mpaka deni liishe, na themanini zisiguswe na mtu.

Nilitoka nikitazama viatu vyangu. Niliamini uchumba umekufa, na nilitamani kulia. Baba mkwe akanisubiri nje, akaniamkua vizuri tu. Nikamwomba radhi, nikamwambia, "Baba, umesikia mwenyewe, themanini haziguswi. Labda na ng'ombe tuwapunguze kidogo."

"Hakimu amemwambia mwenye duka," akasema. "Mimi hajaniambia kitu. Binti nakupa, mwanangu, huna roho mbaya. Lakini wanane uliwakubali mwenyewe."

Nikamtazama Atupele aniombee. Alikuwa amekasirika, machozi yanamlengalenga.

"Yule mpishi wa misheni alipomposa dada," akaniambia, "baba alimuuliza mshahara, akasema sitini. Akatajiwa ng'ombe watatu. Wameshaoana."

Sisi tulioana baada ya miaka minne. Tangu siku hiyo mtu akiniuliza napata kiasi gani nataja pungufu, na karatasi ya udhamini hata uniletee ya mwanangu wa kumzaa, sitii sahihi.