Kibao cha Zamu ya Ngazi

Ottmar Wurster hakuwahi kukwepa zamu yake ya ngazi. Miaka kumi na tisa, katika jengo lile la wapangaji wanane kule Stuttgart, kila jirani aliyemaliza wiki yake alipomtundikia kibao cha zamu mlangoni pake, alifagia na kupiga deki, akaendelea hadi nje kando ya barabara. Hata kiwanda cha uchapaji kilipofungwa, akabaki anakula posho ya serikali, ufagio hakuuacha.

Kilichomponza ni mdomo. Mwaka ule serikali ilikuwa inabana posho za wasio na kazi, na televisheni ikamkalisha kwenye kochi jekundu, akaulizwa huwa anaamka saa ngapi. Watu studioni walishaanza kucheka, naye, mjinga wa watu, akapenda kuchekewa.

"Saa tano," akasema. "Kazi ikija mapema itanikuta nimelala."

Wakamwita tena, na tena. Magazeti yakambandika jina, Mvivu wa Taifa.

Jumatatu moja kibao kilitoka kwa Bibi Nübling, jirani wa mlango wa pili. Kilipaswa kuja kwa Ottmar. Kikampita, kikatundikwa ghorofa ya juu. Ottmar alisubiri hasira imjie, haikuja. Zamu zikazunguka, kikamruka tena.

Jumamosi ile akachukua ndoo yake bila kibao, akaanza kupiga deki kutoka juu. Bibi Nübling akafungua mlango, akachungulia nyuma ya mgongo wa Ottmar.

"Wako wapi?"

"Akina nani?"

"Wenye kamera, Bwana Wurster. Usinifanye mtoto mdogo."

"Niko peke yangu. Nataka zamu yangu tu."

"Si wewe mtu wa saa tano? Sasa hivi saa mbili. Rudi ukalale."

"Ule ulikuwa mzaha, Bibi Nübling. Miaka kumi na tisa unanijua."

"Nilikuwa nakujua. Siku hizi nakuona kwenye televisheni."

Akafunga mlango. Ottmar alishuka ngazi kwa ngazi mpaka chini, akasugua pembe zote, akafagia mbele ya jengo, akamwaga maji machafu. Hakusikia uchungu wala aibu, mikono tu ilikuwa baridi.

Alipopanda kurudi kwake alimkuta Bibi Nübling amepiga magoti na tambara lake, anapiga deki upya ngazi zile zile, bado mbichi. Hakuinua uso. Ottmar akavua viatu asije akamchafulia, akapita pembeni na soksi zake.