Friji ya Mama

Kazi yangu hapa Doha ni kusafisha sauti za filamu. Kwa miaka sita nimefuta feni, honi na vikohozi vya watu, nikajiona fundi hasa. Kisha akaja studio mwanamke mmoja kutoka Ukraine, mtengenezaji wa filamu za hali halisi, akanishusha kiburi kwa siku moja.

Alianza na mgodi alikofanya kazi babake, akaenda kwa waoka mikate, kwa wanawake wa reli, na vita vilipokuja akaigeuza kamera jikoni kwa mamake. Ana sharti lililowachosha wengi: hakati picha mpaka mtu amalize anachofanya. Mama akimenya viazi, utamtazama mpaka kiazi cha mwisho. Mama huyo anamenya kwa mwanga wa mshumaa, kimya, halafu ghafla anainua uso na kucheka. Alifariki kabla baridi haijaisha, na kicheko hicho ndicho pekee ambacho bintiye anacho.

Niliisafisha sehemu hiyo ikang'aa. Aliposikiliza akaniuliza, kwa upole ulionitisha, mamake anacheka nini. Sikujua. Akanichezea sauti ya awali, kabla sijaigusa. Chini ya ule ukimya friji ilikuwa imeanza kunguruma. Umeme ulikuwa umerudi.

Nilitamani ardhi inimeze. Mimi, niliyelelewa Bungoma ambako stima hupotea siku tatu mfululizo, nimefuta friji! Niliirudisha siku hiyo hiyo.

Mudiri wetu, mkuu wa studio, hakufurahi. Stesheni ya televisheni iliyotaka kuinunua filamu ilidai sauti safi na muziki wa huzuni juu yake. Mwenye filamu akajibu kwamba mamake hakuomba kuliliwa, na kama hawaitaki waiache. Mudiri akanivuta kando, akaniagiza niifute friji bila yeye kujua.

"Sifuti," nikamwambia. "Hiyo si takataka."

Akanihamishia kwenye matangazo ya sabuni, na ndiko niliko mpaka leo. Sijuti hata kidogo. Stesheni nayo ikaiacha filamu.

Ijumaa iliyofuata, baada ya ibada kanisani Mesaimeer, nilimwalika mwenye filamu chumbani kwetu, mtaa wa Najma. Tulitundika shuka ukutani na kuazima projekta. Chumba kilijaa manesi na askari wa ulinzi, na dereva mmoja Mganda akakalia ndoo. Yeye alikataa kiti, akasimama mlangoni huku amekunja mikono. Alikuwa amenikataza kumweleza mtu yeyote chochote. Alitaka kujua kama kicheko kile kinaeleweka chenyewe, au kama stesheni ilikuwa na haki.

Viazi vikamenywa kimoja kimoja. Hakuna aliyegusa simu. Friji ikanguruma, na kabla mama hajainua uso, nesi mmoja wa Kisii akasema, "Aki stima imerudi."

Chumba kizima kikacheka, pamoja na mama pale ukutani.

Mwenye filamu akaniuliza wamesema nini. Nilipomwambia, akaketi sakafuni katikati yao, akaniomba niirudishe filamu nyuma kidogo.